Bakuli la Chai Lililojaa: Maisha ya Kamanda Odinamurod Qalandarov wa Chorbed

Ndugu, majirani, wakwe, na nyinyi mliovuka daraja asubuhi hii kutoka Tutzor: asanteni kwa kufika. Jeneza liko uani, imamu ameshatawadha, na mimi nimepewa nafasi hii kabla ya sala. Nakala zimechapwa, ziko pale kwenye kitanda cha chai kwa wasiosikia vizuri. Nitasoma yote. Atakayeona ni marefu awalaumu waliotenda, mimi nimeandika tu.

Marehemu Odinamurod Qalandarov alizaliwa hapa Chorbed siku ya Ijumaa, tarehe 2 Machi 1951, na ni Ijumaa hiyo, yaani Odina, iliyompa jina. Alikuwa mtoto wa kwanza wa marehemu baba yetu Qalandar, mgawa maji wa mifereji ya shamba la ushirika, na marehemu mama yetu Hadicha. Mama alikuwa akisema kwamba mtoto huyu alipojifunza kusimama, alisimama juu ya kitu: juu ya mto, juu ya gunia, siku moja juu ya mgongo wa ndama. Mimi Sattor, mdogo wake, nilizaliwa mwaka 1962, na nikakuta nafasi zote za juu nyumbani zimeshapata mwenyewe.

Alisoma Shule Namba 14 ya Chorbed kuanzia mwaka 1958 hadi 1968. Watoto wa Tutzor walikuwa wakivuka daraja kuja kusoma hapa, na ndivyo alivyokaa dawati moja na Zaynobiddin Rasulov, ambaye leo amesimama pale langoni, joho limefungwa mshipi kama sisi wafiwa. Wote wawili walikuwa na akili ya wastani na sauti kubwa. Picha ya darasa la kumi bado ipo shuleni. Mpiga picha alimweka mwalimu katikati. Odinamurod akajisogeza katikati. Zaynobiddin akajisogeza katikati. Hadi kamera inabofywa, mwalimu alikuwa ameshafunikwa, amebaki sikio moja kati ya vichwa viwili. Mwalimu alicheka, akainunua picha hivyo hivyo, akawaonyesha watu hadi alipofariki. Laiti mambo yangeishia kwenye sikio la mwalimu.

Alitumikia jeshi huko Chita kuanzia mwaka 1969 hadi 1971. Alirudi akisema alikuwa askari wa miavuli. Mikono yake ilikuwa na makovu madogo madogo ya kisu, na aliweza kumenya ndoo ya viazi kabla chai haijapoa. Mama alimtazama jikoni akasema, "Na huo mwavuli, mwanangu, ulikuwa unarukia kwenye sufuria?" Hatukumsikia tena akiutaja mbele yake. Kwingine aliendelea.

Mwaka 1974 alimwoa Gulandom, binti wa Tutzor, mwanamke aliyekuwa na subira kupita kiasi. Walijaliwa watoto watatu. Gulandom alifariki tarehe 8 Septemba 2015, na kila jambo jema mnalolikumbuka katika nyumba ile, kuanzia mkate wa tanuri hadi salamu za sikukuu, lilikuwa lake.

Kazi ya marehemu, kabla hajawa kamanda, ilikuwa kusimamia ghala la pamba la shamba la ushirika, tangu mwaka 1978. Pamba iliingia ghalani mwake ikiwa kavu na kutoka ikiwa imenenepa, na kwa kuwa mfereji ulipita nyuma ya ukuta, hakuna aliyeshangaa. Zaynobiddin kwa upande wake alifundisha mazoezi ya viungo na mieleka Tutzor, na hakuna aliyekumbuka kumwona akipigana mweleka. Basi mwaka 1992 ulipofika na nchi ikapasuka, mabonde mengine yaliongozwa na watu waliojua bunduki. Sisi tuliongozwa na karani wa ghala kwa upande wa serikali, na mwalimu wa mazoezi kwa upande wa upinzani. Mgawanyo huo hamkuuchagua nyinyi, wala watoto wenu. Ukingo uliozaliwa ndio ulioamua uko na nani.

Sasa nafika kwenye daraja. Nimetakiwa niseme wazi, na nitasema wazi.

Jumamosi tarehe 17 Oktoba 1992 makamanda hawa wawili walikubali kukutana ili damu isimwagike. Mahali palikuwa mkahawa wangu wa chai, uliokuwa mwanzo wa daraja upande huu. Wazee wa kingo zote mbili walikuwa wameshakubaliana kila kitu. Daraja libaki wazi, kila ukingo ushike bunduki zake, pamba iokotwe, baridi ipite. Kilichobaki ni wawili hawa kumega mkate na kunywa chai mbele ya watu.

Kwanza waligombania nafasi. Chumba changu kilikuwa na mlango mmoja, kwa hiyo nafasi ya heshima, ile iliyo mbali na mlango, ilikuwa moja. Kila mmoja alisema hawezi kukaa karibu na viatu. Nilifanya walichoshindwa wazee. Nilitandika nje kitanda cha chai, kile cha mbao tunachokalia wengi pamoja, chini ya mierebi, mahali pasipo na mlango wala mbali na mlango. Wakakaa. Nilitandaza kitambaa, nikaweka mkate, nikaleta birika. Kwa kuwa ukingo ni wetu, mwenyeji alikuwa kaka yangu, na wa kumimina ni yeye.

Wageni kutoka mjini mtanisamehe, wenyeji wanajua. Hapa kwetu chai humiminwa chini ya nusu ya bakuli. Bakuli la nusu linamwambia mgeni: kaa, nitakuongezea, tuna mengi ya kuzungumza. Bakuli lililojaa linamwambia: kunywa uende zako. Hata mtoto wa miaka minne anajua hilo.

Marehemu alikuwa amemleta mpiga picha kutoka makao makuu ya wilaya. Alikuwa amevaa joho jipya la hariri, la bluu. Akashika birika, na mpiga picha akasema, "Kamanda, geuza uso huku kidogo. Inua birika. Hapo hapo!" Kaka yangu akageuza uso. Akainua birika. Akatabasamu. Mkono ukaendelea kumimina. Chai ikapita nusu, ikafika ukingoni mwa bakuli, ikamwagikia kitambaa, ikaulowesha mkate ambao ulikuwa haujamegwa.

Zaynobiddin alilitazama lile bakuli. "Hili ni langu?" akauliza.

Nilikuwa nimesimama karibu kuliko nilivyo karibu na jeneza hili. Niliuona uso wa kaka yangu. Aliduwaa. Hakukusudia kitu. Baadaye alieleza kwa miaka thelathini kwamba ilikuwa mbinu ya kivita, kwamba alitaka kumpima adui. Hapana. Alikuwa anaiangalia kamera.

Nikasema, "Mkono umeteleza, wakubwa zangu. Nipeni hilo nilimwage, bakuli ninazo nyingi."

Zaynobiddin akaweka kiganja juu ya bakuli. "Acha, Sattor. Hujamimina wewe. Aseme aliyemimina."

Kaka yangu alihitaji kusema maneno matatu tu: nilikuwa natazama kamera. Watu wangecheka, yeye angeona haya hadi jioni, na leo tungekuwa tunamzika mtu mwingine kabisa. Akasema, "Mimi nikishamimina, nimemimina."

"Basi nimeelewa."

"Kama umeelewa, vizuri."

Zaynobiddin naye msimwonee huruma. Angelinyanyua akanywa. Chai ilikuwa nzuri, niliipika mwenyewe. Alijua vizuri kuwa ni kamera. Alikuwa ameketi akiuangalia mkono unavyojisahau, na hakusema neno. Badala ya kunywa alisimama, akakung'uta joho lake, akavuka daraja na watu wake bila kugeuka nyuma.

Wakati hayo yakitokea, katikati ya daraja walikuwa wamesimama ndugu wawili, watoto wa Bibi Mohsharif. Asliddin alikuwa wa kwetu, Kamol alioa Tutzor akahamia kwa wakwe zake, kwa hiyo bunduki aliyopewa ilikuwa ya ng'ambo. Waliegemea kingo za chuma wakila mbegu za alizeti kutoka mfuko mmoja. Zaynobiddin alipopita alimwambia Kamol, "Twende." Kamol akamwachia kaka yake ule mfuko. Wengi hapa mliliona hilo.

Vita vilianza kesho yake alfajiri. Mmeambiwa na wote wawili kwamba vilikuwa vita vikubwa. Vilikuwa vikubwa kwa waliokuwa darajani. Kamanda Odinamurod aliviongoza akiwa ndani ya ghala la pamba, nyuma ya marobota, mahali ambapo risasi ingehitaji wiki kufika. Kamanda Zaynobiddin aliviongoza akiwa kwenye hamamu ya Tutzor, kwa sababu kuta zake ni nene na, nadhani, kwa sababu kulikuwa na joto. Kila mmoja alikuwa akituma watu walichukue daraja. Daraja halikuchukuliwa na mtu. Gulandom alimfuata mumewe ghalani na bakuli la supu, akamuuliza mbele ya watu, "Unampiga nani ng'ambo kule, baba Bahrom? Shemeji zako?" Alimwambia arudi nyumbani, hayo ni mambo ya kijeshi. Gulandom akairudisha supu.

Watu arobaini na watatu walikufa, wa kingo zote mbili, na nikiwa mwuzaji nawaambieni sijaona biashara mbaya kama hiyo: kilichotolewa ni hicho, na kilichopatikana ni bakuli moja la chai baridi. Asliddin na Kamol walikufa siku moja. Makaburi ya zamani yalikuwa kwenye mstari wa risasi, hakuna aliyeweza kufika. Bibi Mohsharif akafungua bustani ya mitini na miaprikoti ya ukoo wa mumewe, akasema walazwe humo, na asiulizwe nani ni wa ukingo upi. Mpaka leo wamelala hivyo, walivyochanganyika.

Amani ilipotiwa saini mwaka 1997, makamanda wetu walitoka wakiwa na afya njema. Marehemu akapewa cheo katika ofisi ya maji ya wilaya, Zaynobiddin akapewa cheo katika michezo. Kila mmoja akasimamisha jiwe upande wake wa daraja, limeandikwa: Hapa adui alikomeshwa. Mchonga mawe alikuwa mmoja. Mwaka 2003 mtoto wa huyu akamwoa binti wa yule, wakawa wakwe, wakaanza kuwinda kware pamoja. Mwaka 2006 kingo za chuma za daraja zikang'olewa zikauzwa kama chuma chakavu, na kila mmoja akisema aliyeuza ni mwenzake. Ndiyo maana asubuhi hii mmevuka mkishikilia kamba. Katika mambo yote waliyowahi kushirikiana, hilo ndilo walilolikamilisha.

Ile picha iliwekwa fremu. Ilining'inia juu ya kichwa chake sebuleni, na kila mgeni alionyeshwa. Joho linang'aa, tabasamu limetulia, birika liko juu. Chini kabisa, ukiangalia, chai inamwagika juu ya mkate. Miaka yote hiyo hakuwahi kuangalia chini.

Tarehe 11 Januari 2020 marehemu alipatwa na kiharusi. Mkono wa kulia ulikufa na mdomo ukaenda upande. Watoto wake wa kiume wako Urusi kazini, hivyo nilimleta kwangu, yeye na picha yake. Mke wangu ndiye aliyemlisha na kumnywesha chai kwa kijiko. Msimu wa kwanza wa mazao alisema, kwa shida, "Geuza." Tukaigeuza picha ikatazama ukuta. Siku mbili baadaye akasema, "Rudisha." Tukairudisha.

Mwezi wa Machi mwaka huu aliniita akasema anataka kuzikwa bustanini, kwa Bibi Mohsharif, pamoja na watu wake. Nikamuuliza, "Watu wako gani, kaka?" Akasema, "Wa daraja." Nikamwambia makaburi ya ukoo yana nafasi nzuri, kavu, karibu na baba. Akalia. Sijawahi kumwona akilia, na ilinikera, maana mimi ndiye niliyetakiwa kwenda kuomba.

Nilikwenda na kondoo na sukari. Bibi Mohsharif alikuwa uani anachambua mchele. Hakuinuka.

"Huyo kondoo wa nini, Sattor? Umeniona nina bucha?"

"Ni heshima tu, bibi."

"Mfunge nje ya lango, utaondoka naye. Sema shida yako."

Nikasema. Aliendelea kuchambua mchele mpaka nikadhani hakusikia.

"Ana bustani yake mjini, kubwa, ina mawaridi," akasema. "Akazikwe kwenye mawaridi."

"Anataka hapa."

"Na mimi nilitaka wajukuu."

Nimefanya biashara sokoni maisha yangu yote, na najua mtu anayekataa na mtu anayesubiri utaje. Nikasema, "Bibi, taja wewe."

"Sitaki kondoo wala sitaki aombe msamaha. Kuomba msamaha atajipamba nako." Akaweka sinia la mchele chini. "Nataka lisemwe lile bakuli. Siku ya maziko, kwa sauti, mbele ya kingo zote mbili, na huyo mwingine akiwa amesimama pale pale. Uliona wewe. Chai ilikuwa yako. Usiniletee habari za matukio ya miaka ile wala hali ngumu ya nchi. Sema bakuli. Sema kamera."

"Ni kaka yangu, bibi. Siku ya maziko yake?"

"Wangu walikuwa wawili, na siku yao hakuna aliyesoma kitu."

Nilijaribu kupunguza. Nikasema labda nisome siku ya arobaini, watu wakiwa wachache. Akachukua tena sinia lake. Nikajua mazungumzo yanafungwa, nikakubali.

"Na alale wapi?" nikamuuliza.

"Ukutani, karibu na mlango. Mahali pa viatu. Jingine: imamu akiuliza lile swali lake, usiweke watu wako wa kukohoa na kuwasukuma wenzao kwa kiwiko. Kila mtu aachiwe mdomo wake."

Nilirudi nikamweleza kaka masharti yote, hata la viatu. Nilidhani atakataa, na kusema kweli nilitumaini atakataa. Alikaza jicho kwenye picha. Kisha akasema, neno moja moja: "Soma." Nikainuka. Akanishika kwa mkono ule mzima. "Sema joho… lilikuwa jipya."

Nimesema. Lilikuwa jipya, la hariri, la bluu.

Marehemu alifariki alfajiri ya leo, Alhamisi tarehe 19 Mei 2022, nyumbani kwangu, akiwa na umri wa miaka sabini na mmoja.

Asubuhi wakati tunaosha maiti, Mkwe Zaynobiddin alinivuta pembeni. "Bwana mdogo, nasikia umeandika na mimi ninamo."

"Umo kidogo."

"Basi andika kwamba tulishinda."

"Nani alishinda, mkwe?"

"Sote wawili," akasema, na hakuwa anatania. Nimeandika alivyosema, kila mtu ajionee. Mkwe, usiondoke langoni, tunakaribia mwisho. Na sharti lilikuwa uwe umesimama.

Marehemu ameacha watoto watatu: Bahrom na Firdavs, walioko Urusi na hawakuwahi ndege, na Savrimoh, aliye ndani na wanawake, wajukuu saba, ambao wanne ni wajukuu wa Zaynobiddin pia, mimi mdogo wake, mke wangu na wanangu, jiwe moja darajani, ambalo familia imekubaliana leo asubuhi kuling'oa, na tunawaomba wenzetu wa Tutzor waliangalie la kwao, na picha moja, ambayo haitatundikwa tena ukutani kwangu. Wametangulia mbele yake wazazi wetu, mkewe Gulandom, na watu arobaini na watatu waliokuwa na majina, ambayo Bibi Mohsharif anayajua yote kwa kichwa na atamtajia yeyote atakayeuliza.

Sasa imamu atasimama aulize kama ilivyo desturi yetu: marehemu alikuwa mtu wa namna gani? Mmezoea kujibu kwa pamoja kwamba alikuwa mtu mwema, na mmewajibia hivyo hata wezi wa ng'ombe. Leo hakuna atakayekohoa. Atakayeona wema aseme, asiyeuona anyamaze, na hakuna atakayemwangalia mwenzake vibaya. Jibu langu mimi ni kwamba alikuwa kaka yangu. Zaidi ya hapo msinipandishie.

Kaburi limeshachimbwa bustanini, ukutani, karibu na mlango. Mungu amlaze salama hapo, na waliotangulia humo ndani wamvumilie.

Tukitoka makaburini, chai iko tayari kwangu, kwa watu wa kingo zote mbili. Nitamimina mwenyewe, nusu bakuli.